Madirisha Yenye Nyusi

Kioo cha kwanza kilipasuka wakati wa chai ya asubuhi, na kabla mlio wake haujaisha, watu wote waliokuwa ndani ya chumba cha kioo walikuwa wameshamgeukia Motup.

Hakuna aliyetazama dirisha. Hilo ndilo lililomuuma. Mtu akisikia kioo kikilia “tang!” nyuma ya kisogo chake, akili timamu humwambia atazame kioo. Lakini wanafunzi wa bweni lile, na Mwalimu Gyurmet aliyewafundisha sayansi na hoki ya barafu, na Ama Spalzes, mama mlezi wa bweni, wote waligeuza shingo upande mmoja, wakamkuta Motup ameshika kikombe kwa mikono miwili, shavu limetuna kwa mkate, na usoni ana sura ya mtu asiye na hatia hata chembe.

Sura hiyo ndiyo iliyommaliza. Ama Spalzes alikuwa ameshaiona mara nyingi mno.

“Weka kikombe chini,” alisema. “Mikono mezani. Yote miwili.”

“Ama-le, mimi nilikuwa nakunywa chai tu.”

“Hata asubuhi ile mbuzi alipokutwa kitandani kwa Mwalimu amevaa kofia ya kulalia, wewe ulikuwa unakunywa chai tu.”

Jambo la mbuzi lilikuwa la kweli, lilikuwa limepangwa kwa ustadi mkubwa, na kulikana kungekuwa kumvunjia heshima mbuzi mwenyewe.

Ndipo walipokumbuka kutazama dirisha. Ufa ulikuwa umeanzia ukingoni, chini kabisa, pale kioo kinapoingia kwenye fremu. Ulipanda kidogo ukiwa umenyooka, kisha ukaanza kuzurura, ukapinda huku, ukapinda kule, hadi ukatokea juu. Hapakuwa na tundu. Hakuna kipande kilichodondoka.

“Jiwe,” alisema Ama Spalzes.

“Jiwe lenyewe liko wapi?” Mwalimu Gyurmet aliuliza kwa upole.

“Muulize yeye.”

Chumba cha kioo kilikuwa ndiyo roho ya shule ile. Ukuta wake wote wa kusini, unaotazama mto Indus, ulikuwa madirisha makubwa yaliyopangwa sambamba, na jua la mchana lilikipasha joto hata jiko la chuma likawa halina kazi mpaka jioni. Majira yale mto ulikuwa umeganda na shule nyingine za bondeni zilikuwa zimefungwa. Wao walibaki kwa sababu ya chumba hicho. Humo walikula, humo walisoma, humo walikausha soksi zao, jambo ambalo wageni waliligundua kabla ya kufungua mlango.

Basi kuvunja kioo cha chumba kile halikuwa kosa dogo. Na Ama Spalzes alitamka adhabu papo hapo, bila kupandisha sauti, jinsi alivyotamka mambo yote ya kutisha.

“Mtu anayevunja vioo vyetu haendi Leh.”

Mashindano ya hoki ya barafu mjini Leh yalikuwa mwishoni mwa wiki ile. Motup ndiye aliyekuwa golikipa. Alikuwa golikipa kwa sababu rahisi kwamba yeye peke yake katika shule nzima hakufumba macho kisahani cha mchezo kilipomjia. Alikuwa amengoja safari hiyo tangu majira ya baridi yaliyopita, alipokwenda kama mtazamaji na kurudi hawezi kuzungumza jambo lingine. Golikipa wa akiba alikuwa Tundup, kijana mpana, mwenye moyo mwema, aliyefumba macho hata alipopigwa picha.

“Ama-le,” Mwalimu Gyurmet alisema, na sauti yake ilikuwa ya kocha kuliko ya mwalimu, “hatuna ushahidi bado.”

“Utapatikana. Huyu huwa haachi kazi nusu.”

Siku iliyofuata, jua lilipokuwa limepanda kiasi kilekile juu ya milima, kioo cha pili kikalia. Safari hii Motup hakuwepo chumbani. Alikuwa uani anajaza kikapu samadi kavu ya kuwashia jiko, na alipoingia alikuta baraza zima linamngoja.

“Ulikuwa wapi?” aliuliza Ama Spalzes.

“Nje, Ama-le. Uliniagiza samadi.”

“Umesikia, Mwalimu? Alikuwa nje. Na dirisha linatazama wapi?”

“Jana nilikuwa ndani mkasema ni mimi kwa sababu nilikuwa ndani,” alisema Motup. “Leo nilikuwa nje mnasema ni mimi kwa sababu nilikuwa nje. Sasa niwe wapi?”

“Kijijini kwenu,” alisema Ama Spalzes. “Simama hapo. Vua viatu.”

Katika soksi ya kushoto ilipatikana manati. Motup alieleza, kwa utulivu na kwa kirefu, kwamba manati ile ilikuwa imestaafu; kwamba aliitunza kwa kumbukumbu tu, kama babu anavyotunza upanga; kwamba tangu vuli haijarusha hata punje ya shayiri. Wanafunzi wenzake, ambao wengi walikuwa wamewahi kulengwa na manati hiyo, walisikiliza hotuba hiyo wakiwa wamekunja mikono. Ama Spalzes aliitia kwenye joho lake, juu ya mshipi, mahali ambapo vitu vya wanafunzi viliingia na havikuonekana tena.

“Lori linaondoka keshokutwa asubuhi,” Mwalimu Gyurmet alimwambia Motup baadaye, uani, akitazama pembeni. “Kama si wewe, nitafutie aliyefanya. Kama ni wewe, nono, mdogo wangu, niambie sasa hivi, nijue nianze kumfundisha Tundup kufumbua macho.”

“Mwalimu, naapa.”

“Uliapa na siku ya mbuzi.”

Motup alikwenda kukaa juu ya lundo la samadi, akafikiri. Lilikuwa jambo jipya kwake, kutokuwa na hatia, na aliona halina raha yoyote. Ukiwa na hatia unajua cha kuficha. Usipokuwa nayo, hata mikono hujui uiweke wapi. Na tena, kama si yeye, basi kulikuwa na mtu mwingine bwenini mwenye kipaji, aliyevunja vioo viwili bila jiwe na bila kuonekana, na jambo hilo lilimchoma kidogo, kwa wivu.

Nani angefaidika Motup asipokwenda Leh? Jibu lilimjia upesi. Tundup.

Alipomfikiria vizuri Tundup, mambo mengi yalianza kunuka. Tangu kioo cha kwanza kipasuke, Tundup alikuwa akitoweka mara kwa mara. Alitoka akiwa amebana kitu chini ya joho. Alirudi anahema, mikono mitupu, na mtu akimuuliza alikuwa wapi, anajibu “Hapo tu.” Mtu mwenye umbo lile hana sababu ya kuhema kwa kwenda hapo tu.

Asubuhi ya siku iliyofuata, kabla ya chai na kabla ya jua, Motup alimfuata. Alimfuata kwa mbali, akiinama nyuma ya ukuta wa mawe, akitambaa kwenye theluji kwa tumbo, hata pale ambapo kutembea tu kungetosha. Tundup alizunguka nyuma ya bweni, akapanda kilima kidogo hadi kwenye mnara mweupe wa sala, akatazama kulia, akatazama kushoto, akaingiza mkono kifuani na kutoa kitu cha manjano.

Kilikuwa donge la siagi. Alilibandika kwenye jiwe kama sadaka, akaanza kuuzunguka mnara huku anatweta na kunong'ona. Motup alisogea karibu mpaka akasikia.

“Asionekane na hatia,” Tundup aliomba. “Motup asionekane na hatia. Nisisimamishwe golini. Motup asionekane na hatia. Kile kitu kinakuja kwa kasi mno...”

“Tundup!”

Tundup alipiga kelele, akateleza, akakaa kwenye theluji.

“Umeniua! Unanifuata wewe?”

“Nilidhani ni wewe unayevunja vioo.”

“Mimi?” Tundup alishangaa kwa dhati. “Mimi nimekuwa nikiiba siagi ya jikoni ili wewe uende Leh, nawe unanishuku? Kwanza niambie ukweli, sitamwambia mtu. Unavivunja vipi?”

“Sivunji!”

“Sawa, sawa. Lakini ni uzi? Unatumia uzi?”

Motup alishuka kilima akiwa ameudhika. Hata rafiki anayemwombea alimwombea kama mhalifu.

Alibaki mshukiwa mmoja wa maana, na Motup alimwendea kwa tahadhari kubwa, kwa kuwa mshukiwa huyo ndiye aliyegawa chakula. Nani alitaka sana Motup asiende Leh? Nani alikuwa na funguo za kila mlango? Nani aliingia chumba cha kioo kabla ya mtu yeyote, jua halijafika, akiwa na birika linalofuka mvuke?

Kesho yake lori lingeondoka. Alipofika chumbani alimkuta Ama Spalzes amelishika birika hilohilo, amesimama karibu na madirisha, akitazama maua ya barafu yaliyojichora kwenye vioo.

“Ama-le,” alisema Motup, “hilo birika linakwenda wapi?”

Ama Spalzes aligeuka taratibu.

“Sasa unanihoji mimi?”

“Nauliza tu. Vioo vina barafu. Maji yana moto. Nauliza kama ulitaka kuyayeyusha.”

“Wewe umezaliwa Ladakh au umedondoka kutoka kwenye ndege? Kioo baridi ukikimwagia maji ya moto kinapasuka hapohapo. Mama yangu alinichapa kwa hilo nikiwa sijafika kimo cha ndoo. Maji haya ni ya unga wa shayiri, na wewe leo hupati.” Akaenda zake na birika lake hadi kwenye jiko.

Motup alibaki amesimama. Ama Spalzes alikuwa anasema kweli. Alikuwa mtu ambaye hakuwahi kujisumbua kudanganya. Lakini maneno yake hayakuondoka naye. Kioo baridi. Kitu cha moto. Kinapasuka hapohapo. Mkutano wa moto na baridi basi ungeweza kufanya kazi ya jiwe, na usiache tundu, wala jiwe sakafuni. Ila hakuna aliyemwaga maji. Moto ungetoka wapi?

Nje, jua lilichungulia juu ya mlima, likamwaga mwanga wake chumbani mara moja, bila kubisha hodi, kama ilivyo desturi yake huko juu.

Motup alikiendea kioo kilichokuwa kizima, akakitazama, na hapo ndipo macho yake yalipotua kwenye kitu ambacho alikuwa akikiona kila siku. Nyusi.

Habari ya nyusi ilikuwa hivi. Nyumba za kwao zote zina madirisha yaliyozungushiwa ukanda mweusi ukutani, mpana, ulionyooka, na nyumba isiyo na ukanda huo huonekana kama uso ulionyolewa nyusi. Mafundi waliojenga chumba cha kioo hawakuacha ukuta wa kupaka. Palikuwa na kioo, ubao mwembamba, kioo tena. Ama Spalzes alikuwa ameumia moyo muda mrefu. Alisema aliona haya wageni wakija. Basi Motup alipopatikana na kesi ya mbuzi, adhabu yake ikawa kuyapa madirisha yale nyusi: achanganye masizi na gundi ya ngozi, apake ukanda mweusi kwenye vioo vyenyewe, kwa ndani, kuzunguka fremu, upana wa kiganja.

Na Motup aliipaka. Alitumia rula. Alitoa ulimi nje kwa umakini. Hakuchora masharubu popote, ingawa wazo lilimjia. Kingo zilinyooka hata Mwalimu Gyurmet akaja kuzitazama mara mbili. Masizi yalikwisha kabla hajafika kwenye kioo cha mwisho, kile kilicho karibu na bomba la jiko, na hicho kikaachwa bila nyusi. Ama Spalzes alikagua yote, akasema, “Mm.” Hakuna mwanafunzi aliyewahi kusifiwa naye kwa neno refu kuliko hilo.

Baada ya hapo mawingu yalitanda, theluji ikaanguka mfululizo, na jua halikuonekana vizuri mpaka wiki hii, wiki ya mbingu tupu na baridi ya kukausha mate.

Motup aliweka kiganja kwenye ukanda mweusi. Akakiondoa upesi. Jua lilikuwa limefika kitambo kidogo tu na ukanda ulikuwa umeshapata moto kama kikaango. Alisogeza kidole pembeni, hadi pale kioo kilipojificha ndani ya mbao. Huko jua halikufika. Bado palikuwa na barafu.

Alikumbuka somo la Mwalimu Gyurmet kuhusu vitu kutanuka kwa joto, somo alilolitumia zaidi kumfungia Tundup kamba za viatu kwenye dawati. Kilicho moto hutanuka. Kilicho baridi hakitaki. Sehemu nyeusi ilikuwa inasukuma, ukingo ulio baridi unavutwa nao hauna pa kwenda, umebanwa na misumari kila upande, na kioo hakijui kunyumbulika. Ukingo ukiwa na kidonda kidogo tu kilichoachwa na fundi aliyekikata, basi ufa unaanzia hapo. Ukingoni. Kisha unazurura.

Akakimbilia kioo cha mwisho, kile cha karibu na bomba la jiko, ambacho kila mtu angedhani kingekuwa cha kwanza kufa kwa joto. Kizima kabisa. Hakikuwa na nyusi.

Motup alikaa sakafuni. Kwa hiyo ni yeye. Ama Spalzes alikuwa amepata mhalifu sahihi tangu mwanzo, ila kwa sababu zisizo sahihi. Mara moja tu maishani mwake alikuwa amefanya kazi aliyoagizwa, kama alivyoagizwa, kwa moyo wote, na vioo viwili vya shule vilikuwa vimepasuka kwa ajili hiyo. Aliapa kimoyomoyo kutorudia.

Mwalimu Gyurmet alisikiliza maelezo yote huku akipaka mafuta kwenye makali ya viatu vya barafu. Motup alipofika kwenye habari ya kingo zilizo baridi, mkono wa Mwalimu ulisimama. Alikwenda, akagusa kioo, akarudi akiwa ameng'aa uso. Kisha uso ukazimika.

“Ni kweli,” alisema. “Ni kweli tupu, na mimi niliyesomea mambo haya nimekula hapa kila siku nisiyaone. Lakini itabidi aambiwe kwamba nyusi zake ndizo zinazovunja.”

“Mwambie, Mwalimu. Wewe ndiye mwalimu wa sayansi.”

“Na yeye ndiye anayenipikia. Mwambie wewe.”

“Mimi hata nikimwambia theluji ni baridi atatoka nje kuhakikisha.”

Walitazamana. Hatimaye walikubaliana kwamba njia pekee ni Ama Spalzes aone kwa macho yake. Jioni, mbele ya bweni zima, Motup alisimama akatangaza: kesho asubuhi, kabla lori halijaondoka, kioo cha tatu kitapasuka bila kuguswa na mtu. Akanyoosha kidole. Kile pale, ambacho kivuli cha mlingoti wa bendera za sala huangukia upande mmoja, hivyo ukingo huo hubaki baridi zaidi. Na ufa utaanzia kwenye ukingo huo wenye kivuli.

Alitegemea mshangao. Alipata kimya cha watu wanaosikiliza jambazi akitaja benki atakayovamia.

“Haya,” alisema Ama Spalzes. “Kesho tutaona.”

Asubuhi, maandalizi yake yalikuwa kamili. Wanafunzi wote walitolewa nje, wakapangwa kwenye theluji mbali na madirisha, mikono mbele. Dari ilikaguliwa. Chini ya meza palikaguliwa. Tundup alikaguliwa mara mbili, kwa kuwa alikuwa na jasho. Motup alikalishwa kwenye zulia katikati ya chumba, mikono ya joho lake ikavutwa ikapita vidole, ikafungwa pamoja kwa mshipi wake mwenyewe, na Ama Spalzes akaketi ubavuni pake akiwa amemshika sikio.

“Ama-le, sikio nalo linavunja vioo?”

“Lako silijui.”

Mwalimu Gyurmet alisimama mlangoni. Lori lilikuwa limeshawashwa uani. Dereva aliogopa injini isije ikaganda. Mifuko ya viatu vya barafu ilikuwa imeshapakiwa, ila mmoja, wa Motup, ulibaki kizingitini, haujulikani unakwenda wapi.

Jua lilitokeza. Maua ya barafu yaliyeyuka katikati ya kioo, yakabaki pembeni. Kivuli cha mlingoti kililala pale kilipopaswa kulala. Motup hakupepesa macho. Alikuwa amewahi kuomba vitu vingi visivunjike; hii ilikuwa mara yake ya kwanza kuomba kitu kivunjike haraka.

Hakikuvunjika.

Dereva alipiga honi. Nje, watoto walianza kurukaruka kwa baridi. Kioo kiling'aa, kizima, kizuri, kimetulia kama mzee baada ya chakula.

“Mwalimu,” alisema Ama Spalzes, “mwambie Tundup apande.”

Kutoka uani walisikia Tundup akitoa sauti kama ya ndama.

“Kidogo tu, Ama-le,” Motup alisema. “Jua halijashika sawasawa. Kidogo tu.”

“Kidogo chako nakijua.” Akaanza kuinuka, na sikio likaanza kuinuka naye.

Tang!

Ufa ulichomoka kwenye ukingo wenye kivuli, ukanyooka kidogo, kisha ukazurura zake kukata kioo chote, polepole, kama unatafuta njia. Mbele ya macho yao watatu. Hapakuwa na mkono wowote karibu.

Ama Spalzes alikaa tena. Hakuachia sikio. Alilikaza.

“Ulijuaje?”

“Ama-le, nilisema jana...”

“Ndiyo. Ulisema kipi, ulisema lini, ulisema kitaanzia wapi. Asiyekivunja angejuaje yote hayo?”

Motup aliona safari ya Leh ikiyoyoma kwa mara ya mwisho. “Gusa,” alisema. “Nimefungwa, siwezi kukufanya chochote. Gusa hapo penye weusi.”

Ama Spalzes alimtazama, akitafuta mtego. Akanyoosha mkono, akagusa, akaurudisha.

“Sasa pembeni, kwenye ubao.”

Akagusa. Akaacha kidole hapo.

“Wewe mwenyewe uliniambia na birika lako mkononi,” Motup alisema. “Moto juu ya baridi. Hapa hakuna aliyemwaga maji. Jua ndilo linalomwaga, na weusi ndio unaolipokea, na ukingo umebanwa kwenye barafu. Kile cha mwisho hakina weusi. Kitazame.”

Ama Spalzes alikitazama kile cha mwisho. Alivitazama vile vitatu. Watoto walikuwa wameshajazana mlangoni bila ruhusa.

“Nyusi alipaka nani?” aliuliza.

“Mimi, Ama-le.”

“Umesikia, Mwalimu?”

“Na mimi nilitumwa na nani?” Motup aliuliza, taratibu sana.

Watu wote chumbani waligeuza shingo upande mmoja. Safari hii haukuwa upande wa Motup. Ama Spalzes aliona macho yote yale yakimwangukia, na kwa kitambo akashika kikombe chake kwa mikono miwili, akanywa chai.

Kikombe kilipoisha alisema, “Mnangoja nini? Kwangueni.”

Kisu kilikuwa kimoja tu jikoni. Wachezaji walishusha viatu vya barafu kutoka kwenye lori, wakapanda juu ya viti, wakakwangua masizi kwa makali ya viatu vyao, kwa uangalifu, kutoka katikati kwenda pembeni, huku Mwalimu Gyurmet akizunguka na koleo kulegeza mbao zilizobana mno ili kila kioo kipate nafasi ya kujinyoosha. Alikuwa amepata tena sauti yake ya darasani. Mablanketi mazito ya kufunikia madirisha usiku yasiegemezwe tena kwenye vioo, alisema, yaachiwe upana wa kiganja hewa ipite. Vioo vipya vikija, visuguliwe kingo kwa jiwe laini kabla ya kuingia kwenye fremu. Vilivyopasuka vibandikwe karatasi zenye gundi mpaka barabara ya milimani ya kuletea vioo ifunguke. Dereva alipiga honi mpaka akachoka, akaingia naye akapewa kiatu.

Nyusi nazo hazikufa. Ama Spalzes alichovya kitambaa kwenye masizi, akapaka mbao nyembamba za katikati, na kioo hakukigusa. Zilitoka nyusi nyembamba kama uzi.

“Kama za waigizaji wa sinema,” alisema Motup, aliyekuwa amefunguliwa mikono.

“Nyamaza. Sijasema hukufanya. Nimesema panda lori.”

Motup alipanda kabla Ama Spalzes hajabadili nia. Tundup alikuwa ameshapanda, analia kwa furaha. Lori lilipoanza kusogea Ama Spalzes alikuja akitembea haraka, akamrushia Motup furushi dogo la kitambaa. “La njiani,” alisema, akageuka.

Zilikuwa aprikoti zilizokaushwa, zile nzuri, za kabatini kwake, ambazo hakuna mwanafunzi aliyewahi kuzionja kihalali. Motup alizinusa. Akazinusa tena.

“Kula wewe kwanza,” alimwambia Tundup.

“Kwa nini mimi?”

“Kwa sababu wewe ni golikipa wa akiba.”

Tundup alitazama furushi, akamtazama Motup. “Mimi nadhani wewe ndiye uliyezitia kitu,” alisema, “ili niugue.”

Walifika darajani furushi likiwa bado magotini kati yao, hakuna aliyegusa. Hatimaye Mwalimu Gyurmet aligeuka kutoka kiti cha mbele, akanyoosha mkono, akachukua mbili, akatafuna. Walimtazama koo likishuka. Walimngoja hadi kona ya pili. Hakufa. Wakazivamia kwa pupa, na chini kabisa, chini ya aprikoti ya mwisho, vidole vya Motup viligusa mti alioufahamu. Ilikuwa manati yake. Mpira ulikuwa umeondolewa.